Mgowe wa Wenye Kalamu

Siku ile shambani kwetu Igowole walikuwepo watu hawa: Mchungaji Asheri, mtafiti wa historia ya Biblia, Daktari Neema, mtaalamu wa seli, Jens, Mdenishi aliyekuwa akitafiti uanaume wa wakulima wa vijijini kwao, Festo, mdogo wangu, aliyeliacha lori lake Mafinga akaja kwa bodaboda, baba mdogo Zefania, aliyekuja kutazama, na mimi Lusia, niliyewaita wote. Kulikuwa pia na madumu manne ya ulanzi, pombe ya mwanzi. Nayataja madumu kwa sababu yaliandaliwa kwa ajili ya kijiji kizima, na kijiji hakikuwepo.

Ninyi vijana mnaoanza kazi ya usaidizi wa utafiti mmeniuliza mara nyingi kazi hii inataka nini. Nimestaafu sasa, na mgongo wangu ulistaafu kabla yangu, kwa hiyo nina nafasi ya kuwajibu. Nitawaeleza siku ile. Lakini nitazunguka kidogo kwanza, maana katika miaka yangu yote ya kuhoji watu sijakutana na mzee wa maana aliyejibu swali la kwanza mwanzoni.

Shule niliishia darasa la sita. Baba alitangulia, mama akamfuata kabla mahindi ya mwaka ule hayajakauka, nikabaki na Festo na Oliva, mmoja mgongoni na mwingine mkononi. Shamba tukamwachia baba mdogo alitunze. Mimi nikaenda Mbeya kuuza maharage Mwanjelwa. Pale nilijifunza Kisafwa kwa wanawake walioshusha viazi kutoka milimani, na Kinyakyusa kwa wenye ndizi, kwa sababu ukitaka kupunguziwa bei lazima ulalamike kwa lugha ya muuzaji. Kihehe na Kibena nilikuwa navyo kutoka nyumbani.

Mchungaji Asheri alinikuta nikigombana na wateja watatu, kila mmoja kwa lugha yake. Akasimama, akasikiliza, akaniuliza, "Dada, unaweza kuwauliza watu habari za mababu zao kwa lugha hizo hizo?"

Nikamjibu, "Mchungaji, hata kuwatukana hao mababu naweza."

Ndivyo nilivyoajiriwa. Cheti sikuwa nacho.

Mchungaji alikuwa anaandika jinsi koo za Waisraeli zilivyotunza majina na ardhi zao walipopelekwa uhamishoni. Alitaka kulinganisha na jinsi koo za huku zinavyohesabu mababu bila kuandika. Tukaenda Kalenga. Kule wazee wanajua historia na wanajua kwamba wanaijua, kwa hiyo hukaribishwi kirahisi. Mzee mmoja alitutajia majina saba ya ukoo wake, mmoja baada ya mwingine, kama anayepanga magunzi. Kesho yake tukamhoji ndugu yake wa tumbo moja. Akataja sita.

Mimi napenda vitu vilivyonyooka. Nikaona huyu wa pili amesahau, nikamwongezea babu mmoja. Nilidhani nimefanya wema.

Mchungaji alisoma, akatabasamu, akasema, "Majina yamelingana vizuri mno. Lusia, huyu wa tano umemtoa wapi?"

"Kwa kaka yake, Mchungaji."

"Basi nimeelewa jambo moja lililonisumbua miaka mingi," akasema. "Hata waandishi wa kale walikuwa na msaidizi kama wewe."

Nilicheka. Yeye naye alicheka, halafu akaniambia nivae viatu. Tulirudi Kalenga kwa miguu, jua la mchana, nikamwuliza upya yule mzee wa pili. Akaniambia hakusahau. Yule babu wa tano aligombana na ukoo wakamfuta; kaka yake bado anamtaja, yeye hamtaji. Sita ndiyo ilikuwa taarifa yenyewe, na mimi nilikuwa nimekwenda kumfufua mtu aliyefukuzwa. Vijana, mtu akikuambia sita, andika sita. Ukishangaa, rudi ukaulize. Usirekebishe ukoo wa watu.

Daktari Neema nilimpata baadaye, Mchungaji ndiye aliyenitambulisha. Alikuwa binti mdogo tu wakati ule, anafundisha chuo Mbeya, anatembea haraka kuliko fikra zangu. Alikuwa anatafiti mlanzi, ule mwanzi unaotoa ulanzi. Mnajua mgema anavyofanya: anakata ncha ya chipukizi la mlanzi, anatega mbeta, kile chombo cha mwanzi, na asubuhi na jioni anakwangua kidogo pale palipokatwa ili ulanzi uendelee kutoka. Neema alitaka kujua seli za ile ncha zinafanya nini. Mti umekatwa kichwa, unapata wapi nguvu ya kutoa maji matamu wiki baada ya wiki?

Siku ya kwanza alinikaribisha kwenye hadubini. Nikafumba jicho moja, nikatazama. Nikaona. Nikamweleza kwa ufasaha wote wa Mwanjelwa: "Daktari, naziona! Nyeusi, nyembamba, zimejipanga mstari mmoja. Zinacheza. Ukipumua zinapanda na kushuka."

Neema akasogea, akatazama, akanitazama mimi.

"Dada Lusia, hizo ni kope zako."

Nilifanya naye kazi miaka mingi, na kila aliponitambulisha kwa mgeni alianza na kope.

Alinifundisha kuandika majina ya sampuli kwa penseli. Nilidharau. Nikajiuliza, msomi mzima ana penseli kama mtoto wa chekechea? Nikaandika kwa kalamu ya wino, herufi nzuri, kisha nikatumbukiza karatasi ndani ya chupa zenye spiriti pamoja na vile vipande vya mlanzi. Tulipofika Mbeya, wino wote ulikuwa umeyeyuka. Tukawa na kreti nzima ya maji ya bluu, na ndani yake machipukizi yasiyojulikana yametoka kwa nani. Neema hakupiga kelele. Alisema tu, "Haya, yatima wako hao," akanirudisha Igowole kukusanya upya. Penseli haifutwi na spiriti. Hilo likumbukeni hata mkisahau mengine yote.

Na mgema aliyetuachia milanzi yake ni huyo huyo baba mdogo Zefania. Mikono yake ilikuwa hodari na ulimi wake ulikuwa hodari zaidi. Neema alimwuliza kwa nini anakwangua kidogo sana. Akasema, "Ukikwangua sana anakasirika." Neema akaniambia niandike "anakasirika" vile vile, nisiligeuze kuwa neno la kitaalamu. Sikupenda, lakini niliandika sita nilipoambiwa sita.

Sasa Jens.

Jens alitoka sehemu ya mashamba huko Denmark, ambako wasichana wanakwenda mjini na wanaume wanabaki na nguruwe, trekta na ukimya. Alikuwa amewahoji wanaume hao miaka mingi: nini kinamfanya mwanaume wa shamba ajione mwanaume, na akiumia anamwambia nani. Wakubwa wake wakamwambia alinganishe na kwingine. Akaletwa kwangu. Mwanaume anayetafiti uanaume, na mkalimani wake mwanamke asiye na mume! Pale Mwanjelwa walinicheka mpaka nikabadilisha njia ya kwenda nyumbani.

Swali lake la kwanza sokoni alimwuliza muuza vitunguu: "Kwako wewe, mwanaume ni nani?"

Yule akajibu bila kuinua kichwa, "Mwanaume ni anayenunua. Dada, mzungu wako ananunua?"

Swali lililonitesa zaidi lilihusu hisia. Jens alitaka niwaulize wazee kama huwa wanazungumza na wanaume wenzao kuhusu hisia zao. Nililijaribu mara ya kwanza jinsi lilivyo. Mzee akaniuliza, "Hisia ndiyo nini? Inauzwa?" Basi nikajifunza kulisema hivi: ukiwa na jambo limekukaa moyoni, unamwambia nani?

"Ng'ombe," akajibu mzee.

Nikasita. Nikaogopa Jens atadhani nimekosea. Nikamtafsiria hivyo hivyo. Jens akaacha kuandika, akasema taratibu, "Baba yangu anawaambia nguruwe."

Nikamtafsiria mzee. Mzee akafikiri, akasema, "Nguruwe? Hawatunzi siri wale." Wakacheka wote wawili, mimi katikati nikiwa sina cha kutafsiri. Ndipo mahojiano yalipoanza kweli. Msifikiri mkalimani analipwa kwa maneno tu. Kuna dakika unatakiwa kunyamaza na kuvumilia kutohitajika.

Kuna mwaka wafadhili walitaka tafiti zichanganywe. Wakawaunganisha hao watatu katika mradi mmoja: historia ya Biblia, seli za mlanzi na uanaume wa vijijini Denmark. Jina la mradi lilikuwa refu hivi kwamba mchoraji aliyepewa kazi ya kuliandika kwenye mlango wa gari alifika katikati akatuuliza kama tunaweza kununua gari la pili. Watu waliniuliza hayo mambo matatu yanahusiana vipi, nami nilijibu kwa uso wa kujiamini kwamba ni ya kitaalamu mno. Sikujua. Ilinichukua muda mrefu kuelewa kwamba wote watatu waliuliza jambo moja: kitu kikishakatwa kwenye shina lake, kinaendeleaje kuishi? Watu waliohamishwa kutoka nchi yao, chipukizi lililokatwa kichwa, mwanaume aliyebaki shambani watoto wote wakiwa wameondoka. Nilipoelewa, nilimwambia Mchungaji kwa furaha. Akasema, "Lusia, hilo lilikuwa kwenye ukurasa wa kwanza."

Ni katika mradi huo baba mdogo aliniita pembeni.

"Lusia mwanangu, lile shamba limelala. Mimi nalipanda miti."

Mnajua Mufindi ilivyo sasa. Kila kilima kimevaa misonobari. Miti hailimwi kila mwaka, haipaliliwi sana, na mbao zina bei.

"Baba mdogo, lile ni shamba la baba. Makaburi yao yako pale pembeni. Mimi nikistaafu nitajenga pale."

"Utajenga na nani? Festo yuko barabarani, Oliva yuko kwa mumewe. Wewe unazunguka na wazungu unauliza watu maswali. Baba yako angekuwepo angepanda miti."

"Baba angekuwepo tusingekuwa tunaongea haya."

Baba mdogo hakuwa mtu mbaya, na hilo ndilo lilikuwa tatizo. Angekuwa mbaya ningejua la kufanya.

Mchungaji akaingilia kunitetea. Akamsimulia habari za wale mabinti wa jangwani ambao baba yao alikufa bila mtoto wa kiume, wakasimama mbele ya wazee wakadai urithi wake, wakapewa. Alieleza vizuri, na mazingira ya kihistoria yote. Baba mdogo alisikiliza mpaka mwisho.

"Mchungaji, hao mabinti walikuwa na majembe?"

Mchungaji ni mtafiti mwaminifu. Akakiri, "Maandiko hayasemi."

"Basi sikilizeni," akasema baba mdogo. "Lusia, ita mgowe. Shamba lote lilimwe siku moja, tupande maharage. Watu wakija, wewe ni mtu wa hapa, sipandi mche hata mmoja. Wasipokuja, wewe ni mgeni mwenye makaburi hapa. Miti itakutunzia."

Kwa msiotoka Iringa: mgowe ni siku ya kulimiana. Mwenye shamba anatoa pombe na chakula, majirani wanakuja na majembe yao, wanalima mpaka jua linakaa vibaya, kisha wanakunywa. Hakuna anayelipwa. Lakini kila aliyekuja kwako, siku akiita, unakwenda.

Nilifurahi. Niliona shamba limeshakuwa langu. Nani asiyenijua Igowole? Nilikuwa nimehudhuria migowe mingi kuliko mwenyekiti wa kijiji. Nikanunua ulanzi, nikapika, nikapita nyumba hadi nyumba kutangaza. Wote walisema, "Ee dada, tumesikia." Mimi mkalimani wa miaka yote hiyo, nikatafsiri "tumesikia" kuwa "tunakuja."

Basi tumerudi shambani, na wale watu sita. Umande umekauka. Njia ni nyeupe, hakuna mtu. Ulanzi uliokuwa togwa tamu asubuhi umeanza kutoa povu.

"Labda wamechelewa," nikasema.

Baba mdogo alikuwa amekaa kwenye kigogo. "Lusia, ulishawahi kwenda mgowe wa nani?"

"Baba mdogo! Nimekwenda kwa kila mtu. Hata kwa Baba Oresta hapo ng'ambo nilikwenda mwaka jana."

"Ulikwenda na nini?"

Nikaitazama mikono yangu.

"Ulikwenda na kalamu," akasema. "Ulisimama kwenye mpaka na huyu Yensi, ukamsimamisha Baba Oresta katikati ya mstari ukamwuliza kama jembe linamfanya ajisikie mwanaume zaidi. Mpaka amalize kukujibu, wenzake wamemwacha matuta mawili. Watu walimcheka msimu mzima. Sasa unataka aje kwako?"

Vijana wangu, nimetahiniwa na wasomi wa nchi nyingi, lakini mtihani ule nilifeli nikiwa nimesimama. Migowe yote ile, hakuna hata mtu mmoja niliyemlimia. Nilikuwa nimekusanya majibu ya kijiji kizima na sikuwa na hata siku moja ya jembe ninayomdai mtu.

Festo alivua shati. "Dada, tulime. Tutaishia tutakapoishia."

Mchungaji alijua kulima, ila kila baada ya mita chache alisimama kufananisha udongo na wa nchi fulani ya kale, na jembe likapumzika naye. Neema alikuwa na nguvu, lakini kila mzizi uliokatika aliuokota akautazama kwenye mwanga. "Neema," nikamwambia, "ukiangalia kila seli tutavuna mwakani." Na Jens, mtoto wa mkulima, alinyanyua jembe juu ya kichwa kama anapasua kuni. Festo alihama mstari kwa usalama wake.

Hatukuwa tumefika hata robo ya shamba Neema aliposema, "Jens, mkono wako unavuja damu."

"Hapana," akasema Jens, "ni udongo mwekundu."

"Jens, udongo hautoki ndani ya ngozi."

"Ni kidogo tu. Siumwi."

Nikaegemea jembe langu nikacheka mpaka machozi. "Andika hiyo! Miaka yote unatafuta mwanaume asiyesema ameumia. Huyo hapo, kavaa viatu vyako!"

Kicheko changu kilisikika mbali. Watu wakaanza kutokea njiani, mmoja mmoja, kutazama. Walisimama kwenye mpaka, mikono nyuma, kama nilivyokuwa nikisimama mimi. Mbele yao alikuwa Baba Oresta, mtu mfupi, mwenye sauti ya kuitia ng'ombe.

"Kamwene!" akasalimu.

"Kamwene," tukaitika.

"Bwana Yensi, nina swali la utafiti." Watu wakaanza kucheka kabla hajalisema. "Hii kazi ya jembe, inakufanya ujisikie mwanaume zaidi?"

Nikamtafsiria Jens, ingawa Kiswahili chake kilitosha kuelewa. Nilitaka kumpa muda. Alishusha jembe. Hakucheka.

"Hapana," akasema kwa Kiswahili chake cha kuokoteza. "Najisikia mtoto. Baba hakunipa kazi ya shamba. Alisema naharibu. Nilikwenda shule, nikarudi na karatasi, nikamwuliza baba maswali. Yeye anaokota mawe, mimi nauliza maswali."

"Mawe gani?"

Jens akaeleza kwamba kwao kila baridi ikiisha, mawe yanapanda juu ya ardhi yenyewe, shamba zima, kila mwaka. Lazima yaokotwe kabla ya kupanda, la sivyo yanavunja mashine.

"Yanapanda yenyewe?" Baba Oresta akanigeukia. "Umetafsiri vizuri?"

"Nimeandika sita," nikamjibu, hakuelewa, Mchungaji akacheka peke yake.

"Na baba yako anaokota na nani?"

"Peke yake."

"Majirani?"

"Kila mtu na mawe yake."

Hapo hakuna aliyecheka. Baba Oresta alitazama mkono wa Jens, akatazama sehemu tuliyolima, iliyokuwa imepinda kama mkia wa ng'ombe. Akaingia shambani, akamshika Jens mikono, akaishusha kwenye mpini. "Usipige. Liache lianguke lenyewe, wewe livute tu. Hivi. Tena." Kisha akamwita mkewe amletee jembe lake.

Wengine wakafuata. Mpaka leo sijui kama waliingia kwa huruma au kwa sababu ulanzi ulikuwa unakaribia kuwa mkangafu, ule mkali, na ni dhambi kuuacha umwagwe. Sikuuliza. Ilikuwa mara ya kwanza katika kazi yangu nilipokuwa na swali zuri nikalinyamazia. Mstari ulijaa kutoka mpaka hadi mpaka, wakaanza kuimba, na mimi nikawa wa mwisho, matuta mawili nyuma.

Baba mdogo aliingia wakati kumebaki kipande kidogo. Alidai anatuonyesha mpaka ulipo. Aliufuata akilima hadi kwenye makaburi, akang'oa na majani yaliyokuwa yameota pale, akajifuta jasho.

"Nimewaona watu," akaniambia. Hakusema lingine, wala mche hakupanda.

Tulipokuwa tunakunywa, Baba Oresta aliniletea kata ya ulanzi kwa mikono miwili, kwa heshima ya kunitania. "Dada, leo umekopa. Na hii hailipwi kwa kalamu."

Nimejenga pale. Ninapoandika haya naona maharage dirishani. Na tangu nilipostaafu kazi yangu imekuwa kulipa. Nimekwenda kwa kila aliyelima siku ile. Mimi ni mlimaji mbaya, vijana, msidanganywe na umri. Mara ya kwanza nilipokwenda kwa Baba Oresta walitaka kunipa kazi ya kuchota maji, kwa kunionea huruma. Nikakataa. Mchana wakaniomba tena, safari hii niwaonee huruma wao. Mchungaji aliniambia amenisamehe siku yake. Nikamwambia hana mamlaka hayo, nikaenda nikapalilia kabichi zake, mbili nikazikata na magugu. Neema alinipeleka kwa mama yake milimani nje ya Mbeya, nikalima matuta ya viazi kwenye mteremko ambako ukiteleza unafika mjini.

Akabaki Jens.

Alinipigia mwezi wa nne, mimi nikiwa shambani napalilia. Baba yake amefariki, akaniambia. Yeye ameacha chuo, amerudi kwenye shamba. Baridi imeisha, mawe yamepanda.

"Pole sana, Jens. Uko na nani?"

"Niliita mgowe, Dada Lusia. Nilipita kwa majirani nikawaeleza. Nikanunua bia."

"Wakasemaje?"

"Wamesema ni wazo zuri sana."

Nililijua jibu hilo. Ni "tumesikia" ya kwao.

"Kwa hiyo uko peke yako hapo?"

"Niko na wewe kwenye simu."

Nikaiweka simu kwenye spika, nikaichomeka kwenye kilemba changu, nikaendelea kupalilia. Yeye akaendelea kuokota. Nilikuwa nasikia kila jiwe likigonga chuma cha toroli. Mara nyingine alisema kitu, mara nyingine mimi, zaidi tulifanya kazi, mpaka simu yangu ikaisha chaji.

Jioni nilikwenda kwa Baba Oresta. Nilimweleza yote, nikamwuliza kama ile inahesabika.

Alifikiri sana. Alimhurumia Jens, nilimwona usoni. Lakini yeye ni mtu wa mgowe.

"Huko kwao kuna jiwe umenyanyua?"

"Sijanyanyua."

"Hata dogo?"

"Hata dogo."

Akatikisa kichwa, akanisogezea kiti nikae. Mimi nilibaki nimesimama, nikimwuliza mkewe pasipoti inaombwa wapi.